Okidi Hainyonyi Mwembe

Okidi inasifiwa kuliko inavyojulikana. Wakazi wengi wa mijini wameionea kwenye kaunta ya benki au meza ya harusi, na kila wanachokiamini juu yake kilianzia hapo: ni ua la matajiri, limetoka mbali, halidumu, na halina kazi zaidi ya kutazamwa. Wa vijijini wanaishi nayo juu ya miti yao wenyewe, lakini hakuna aliyewaambia kwamba ile ndiyo okidi. Kati ya makundi haya mawili zimezagaa kauli nyingi. Baadhi ni uongo mtupu, baadhi ni kweli japo hazisadikiki kirahisi. Naanza na ile inayoiumiza zaidi okidi katika nchi zetu, kwa sababu anayeiamini hupanda mtini na panga.

«Okidi hunyonya mti, kwa hiyo ing'olewe»

Si kweli, ingawa mkulima ana sababu ya kushuku. Upo mmea unaonyonya mti kweli, nao ni kirukia. Ndege hula matunda yake yenye ulimbo, mbegu inanata kwenye tawi, inachipua na kupenyeza mzizi ndani ya gome mpaka kwenye mishipa ya mti. Humo huchota maji na madini. Mwembe au mchungwa uliojaa kirukia hudhoofu, na mwenye shamba anayekikata hajakosea.

Okidi haifanyi hivyo hata kidogo. Mizizi yake hushika gome kwa nje tu. Ukiubandua mmoja taratibu utakuta gome chini yake ni zima, halina tundu wala jeraha. Maji huyapata kwenye mvua, umande na ukungu. Madini huyapata kwenye vumbi, majani yanayooza na kinyesi cha ndege kinachonasa kwenye panda za matawi. Mzizi wenyewe umefunikwa na tabaka nene la seli zilizokufa, liitwalo velameni, ambalo hufyonza maji ya mvua upesi kabla hayajatiririka chini. Ukiwa mkavu mzizi huo una rangi ya fedha, ukilowa unageuka kijani, kwa sababu chini ya velameni kuna klorofili. Maana yake mzizi nao unatengeneza chakula kwa mwanga wa jua, kama jani.

Katika misitu ya pwani ya Kenya na Tanzania jambo hili limefika mwisho wake. Zipo okidi za jenasi ya Microcoelia ambazo hazina jani hata moja. Mmea mzima ni mizizi, na kazi yote ya majani inafanywa na mizizi hiyo. Mpita njia anayeuona wakati hauna maua hudhani ni mmea uliokwisha kufa.

Inayoonekana zaidi ni okidi chui, Ansellia africana, yenye maua ya manjano yaliyotapakaa madoa ya kahawia. Huota kwenye mibuyu, migunga na mikoma, na shina lake la zamani hutanuka kuwa fungu kubwa. Baadhi ya mizizi yake haitambai kwenye gome bali husimama wima, myembamba na yenye ncha, ikifanya kikapu cha kunasia majani yanayodondoka kutoka juu. Takataka hizo zikioza ndizo mbolea yake. Mti unachotoa ni mahali pa kukaa na kivuli, basi.

Kwa haki niseme pia kwamba tawi lililooza linaweza kuvunjika kwa uzito wa okidi kubwa. Lakini tawi hilo lilikuwa la kuanguka.

«Okidi ni maua ya ugenini»

Si kweli. Ile ya madukani, Phalaenopsis, ndiyo asili yake ni Asia, hasa kusini mashariki. Lakini familia ya okidi ina spishi zipatazo 28,000, na inapatikana katika kila bara isipokuwa Antaktika. Kenya peke yake ina takriban 300.

Pwani yetu ina okidi nyeupe yenye harufu nzuri ya usiku, iotayo juu ya miti na hata juu ya mawe ya matumbawe karibu na bahari. Wataalamu wanaiita Angraecum eburneum, na nususpishi yake ya huku inaitwa giryamae, kwa heshima ya nchi ya Wagiriama. Pwani hiyo hiyo ina vanila yake ya mwituni, Vanilla roscheri, mmea utambaao usio na majani, unaopatikana tangu Kenya mpaka kaskazini mwa KwaZulu-Natal. Nyanda za juu za Kenya na Tanzania zina Aerangis yenye maua meupe na nguzo nyekundu katikati, ndogo kiasi cha kukaa juu ya kijiti, na sijui kama kuna ua la kununuliwa linaloishinda kwa uzuri.

Halafu kuna Kitulo. Uwanda huu wa nyasi uko Nyanda za Juu Kusini za Tanzania, mita zipatazo 2,600 juu ya usawa wa bahari, kati ya milima ya Kipengere na Poroto. Wenyeji wanauita Bustani ya Mungu. Mwaka 2005 ulitangazwa rasmi kuwa hifadhi ya taifa yenye takriban kilomita za mraba 413, na kilichoufanya uhifadhiwe ni maua, si tembo wala simba. Spishi za okidi za ardhini zilizoorodheshwa pale ni kama 45. Mvua zikianza Novemba uwanda hubadilika rangi wiki hadi wiki mpaka Aprili, okidi za jenasi za Disa, Satyrium na Habenaria zikipishana.

Kitulo inaangusha pia kauli nyingine, kwamba okidi zote ni za mitini. Karibu spishi saba katika kila kumi zinaishi mitini kweli. Zilizobaki ziko kwenye nyasi, kwenye mabwawa, kwenye mchanga. Australia ya Magharibi kuna Rhizanthella gardneri, iliyofukuliwa na mkulima mwaka 1928 alipokuwa akilima: hii huishi chini ya ardhi maisha yake yote, na hata maua yake huchanua humo humo.

«Okidi ni ndugu wa mkonge na kitunguu»

Kweli. Wote wako katika oda moja, Asparagales, pamoja na mshubiri. Wote ni wa kundi la mimea ambayo mbegu zake kwa kawaida huchipua na jani moja. Mtu wa Tanga aliyekulia kando ya mashamba ya mkonge amekua karibu na jamaa wa okidi bila kujua.

Lakini ndani ya undugu huo okidi imejitenga kwa mambo matatu, na ukiyajua huwezi tena kuidhania nyingine. Kwanza, ua lina sepali tatu na petali tatu, ila petali moja imebadilika umbo na kuwa mdomo, mahali pa kutua mdudu. Pili, viungo vya kiume na vya kike havikai mbalimbali bali vimeungana kuwa nguzo moja katikati ya ua. Tatu, katika walio wengi chavua haipeperuki kama unga. Imefungwa kuwa vifurushi vyenye gundi, na mdudu akija huondoka na kifurushi kizima kichwani au mgongoni. Ongeza na hili: chipukizi la ua la okidi nyingi hujizungusha nusu duara kabla ya kufunguka, ili mdomo uwe chini. Ua unaloliona limesimama vizuri lilianza kichwa chini.

Familia imegawanywa katika matawi makuu matano, na vanila ina tawi lake ambalo ni mojawapo ya yale yaliyojitenga mapema zaidi. Kuhusu umri wa familia, ushahidi mzuri ulitangazwa mwaka 2007: nyuki asiyeuma aliyeganda ndani ya kaharabu huko Jamhuri ya Dominika, miaka milioni 15 hadi 20 iliyopita, akiwa bado amebeba mgongoni kifurushi cha chavua ya okidi. Kwa kutumia kisukuku hicho na jeni za okidi za leo, watafiti walikadiria kwamba familia ilianza zama za dinosauri.

«Okidi za bluu kali za dukani ni aina mpya»

Uongo, na mnunuzi anastahili kuambiwa kabla ya kulipa. Ni Phalaenopsis nyeupe iliyotiwa rangi kwenye shina. Maua yatakayofuata yatatoka meupe.

Bluu ya asili ipo ndani ya familia, ila ni adimu. Mojawapo ni Disa graminifolia ya Rasi ya Afrika Kusini, na hiyo inanileta kwenye kauli inayofuata.

«Wanasayansi hubadilisha majina ovyo»

Si kweli, japo naielewa hasira ya anayeandika kibandiko kipya kila baada ya miaka michache. Disa hiyo ya bluu iliwahi kutengwa na Disa nyingine kwa sababu ya umbo la ua lake na majani yake membamba, ikapewa jenasi yake, Herschelia. Uchunguzi wa DNA ulipofanyika, ikaonekana kwamba ukoo wake umechipuka katikati kabisa ya Disa, ikarudishwa nyumbani. Umbo la ua hudanganya, kwa sababu spishi mbili zisizo na undugu wa karibu zikichavushwa na mdudu wa aina moja, maua yao huishia kufanana. Wataalamu wa karne ya 19, akiwemo John Lindley wa Uingereza aliyeweka msingi wa uainishaji wa okidi, walikuwa na macho na kioo cha kukuzia tu. Walichokipata kwa vyombo hivyo kinashangaza kwa usahihi wake, na kilichosahihishwa baadaye hakiwapunguzii kitu.

«Mtu mmoja alitazama ua la okidi akamtabiri mdudu ambaye hakuna aliyemjua»

Kweli tupu. Januari 1862 Charles Darwin aliletewa maua ya Angraecum sesquipedale kutoka Madagaska. Ni ua jeupe la umbo la nyota, na nyuma yake kuna mrija mwembamba wa karibu sentimita 30. Nekta iko mwisho kabisa wa mrija. Darwin aliingiza vijiti na nywele ngumu akijaribu kuona vifurushi vya chavua vinang'oka vipi, akahitimisha kwamba lazima Madagaska iwe na nondo mwenye ulimi wa urefu ule. Walikuwepo waliomcheka. Mwaka 1903, miaka zaidi ya 20 baada ya kifo chake, nondo huyo alielezwa kitaalamu na kupewa jina la praedicta, yaani aliyetabiriwa. Ilibidi kusubiri mpaka miaka ya 1990 ndipo akashuhudiwa kwenye ua lenyewe, na mwaka 2021 akatambuliwa kuwa spishi inayojitegemea, Xanthopan praedicta. Ndugu yake, Xanthopan morganii, anaruka usiku huku kwetu Afrika bara.

Ndiyo maana okidi nyingi nyeupe za Afrika Mashariki hazinukii mchana. Harufu ni mwaliko kwa nondo, na nondo hatoki kabla ya jua kuzama. Mwenye Angraecum barazani aitembelee saa mbili usiku.

Usidhani lakini kwamba okidi zote hulipa wageni wao. Inakadiriwa kwamba theluthi moja ya familia haitoi nekta wala malipo mengine. Huvutia kwa udanganyifu. Okidi za jenasi ya Ophrys, za nchi zinazoizunguka Bahari ya Mediterania, zina mdomo wenye umbo, manyoya na harufu ya nyuki au nyigu jike. Dume huja kujamiiana na ua, na kuondoka na chavua. Jambo hili lilielezwa mwaka 1916 kutokana na uchunguzi wa miaka mingi wa jaji mmoja aliyekuwa Algeria, Maurice-Alexandre Pouyanne, na kwa muda mrefu wengi hawakumwamini.

«Okidi hailiwi»

Uongo, na aliyeonja aiskrimu ya vanila ni shahidi. Vanila ni ganda la okidi itambaayo, Vanilla planifolia, asili yake Meksiko na nchi jirani. Ilipopelekwa kwenye visiwa vya Bahari ya Hindi mwanzoni mwa karne ya 19 ilistawi, ikachanua, na haikuzaa. Ua lake lina utando mwembamba unaotenganisha chavua na sehemu ya kike, na wachavushaji wake walibaki Amerika. Charles Morren alifaulu kulichavusha kwa mkono huko Ubelgiji mwaka 1836, lakini njia iliyoifikisha vanila mashambani haikutoka kwake.

Ilitoka kwa mtoto wa miaka 12, mtumwa, katika kisiwa kinachoitwa leo Réunion. Aliitwa Edmond. Mwaka 1841 alionyesha kwamba kwa ujiti mwembamba unaweza kuinua ule utando, kisha kwa kidole gumba ukabana chavua dhidi ya sehemu ya kike. Ni kazi ya sekunde chache. Wenye mashamba walimpeleka shamba hadi shamba awafundishe watumwa wenzake, na biashara yote ya vanila ya Madagaska, Komoro na Réunion ilisimama juu ya kitendo hicho. Utumwa ulipofutwa mwaka 1848 alipewa jina la ukoo, Albius. Alikufa maskini mwaka 1880. Alikuwapo hata mtaalamu Mfaransa aliyedai sifa ile ni yake. Nikiona chupa ya vanila dukani humkumbuka Edmond, na ningependa kila mkulima wa Bukoba, Mukono au Bundibugyo anayeamka alfajiri na ujiti wake ajue kwamba anarudia mkono wa mtoto yule.

Maana mpaka leo mashamba ya huku hayana njia nyingine. Ua la vanila hufunguka asubuhi moja tu, na lisipochavushwa siku hiyo linaanguka. Likichavushwa, ganda huhitaji miezi tisa hivi kukomaa. Hapo linakuwa la kijani na halina harufu yoyote. Harufu huja baada ya kutumbukizwa kwenye maji ya moto, kufunikwa lipate jasho, kuanikwa na kupumzishwa kwa miezi. Ganda lililovunwa changa kwa kuogopa wezi, au na wezi wenyewe, halitafikia harufu hiyo hata lifanyiwe nini, na ndiyo sababu Uganda imekuwa ikitangaza tarehe rasmi za kuanza kuvuna.

Chakula kingine cha okidi kiko jirani zaidi na kinaniumiza kukisimulia. Nyanda za Juu Kusini za Tanzania watu huchimba viazi vya okidi za ardhini, kikande. Zambia wanaviita chikanda: hukaushwa, hutwangwa, huchanganywa na unga wa karanga, pilipili, chumvi na magadi au majivu, na kupikwa mpaka vigande kuwa mkate mzito wa kukatwa vipande. Ni chakula cha zamani cha Wabemba na jirani zao, chenye heshima yake, na hakuna ubaya ndani ya sufuria. Ubaya uko kwenye ukubwa wa soko. Kilichokuwa chakula cha kijijini kikawa kitafunwa cha mijini, okidi za Zambia zikaadimika, na wanunuzi wakageukia Tanzania, Malawi, Kongo na Angola. Watafiti waliochunguza biashara hii mwanzoni mwa miaka ya 2000 walikadiria kwamba mamilioni ya viazi hutoka Nyanda za Juu Kusini kila mwaka.

Okidi hizi kwa kawaida zina viazi viwili: cha mwaka jana kilichosinyaa, na kipya kilichojaa akiba ya mwaka kesho. Mchimbaji anataka kipya. Akikitoa, mmea hauna mwaka kesho. Muhogo ukichimbwa, unapanda kijiti chake kikaota. Hapa hakuna kijiti cha kupandia. Na usiniambie «tupande mbegu», mpaka tumalize kauli inayofuata.

«Ukipata mbegu za okidi unaweza kupanda kama mchicha»

Si kweli. Tunda moja la okidi linaweza kuwa na mbegu maelfu, na katika baadhi ya spishi mamilioni. Zimekuwa nyingi hivyo kwa sababu hazina kitu ndani. Punje ya mahindi ina kiini na shehena ya wanga ya kukilisha mpaka jani lifike juani. Mbegu ya okidi ina kiini tu, ndani ya ganda jepesi linalobebwa na upepo. Ikiangukia mahali pazuri kabisa, penye unyevu na mwanga, bado itakufa njaa, isipokuwa ikutane na kuvu.

Siri hiyo iligunduliwa mwaka 1899 na kijana Mfaransa, Noël Bernard, alipokuta porini mbegu za okidi zikichipua na kuona kwamba kila chipukizi limejaa nyuzi za kuvu. Kuvu huingia ndani ya mbegu, na mbegu humla kidogo kidogo, ikipata sukari ambayo haikuzaliwa nayo. Bila kuvu wa aina inayofaa hakuna okidi porini, iwe ya mtini au ya ardhini. Kabla ya ugunduzi huo wakulima wa Ulaya walikuwa wakimwaga mbegu kwenye vyungu vya okidi kubwa na kuona zinaota mara moja moja bila kujua kwa nini. Kuvu alikuwa tayari yumo chunguni.

Mwaka 1922 Lewis Knudson wa Chuo Kikuu cha Cornell, Marekani, alionyesha kwamba sukari inaweza kuchukua nafasi ya kuvu: mbegu zikawekwa kwenye chupa safi isiyo na vijidudu, juu ya ute wa agari wenye sukari na madini, zikaota. Mwaka 1960 Georges Morel, Mfaransa, akaeleza jinsi ya kuzalisha okidi kutokana na ncha ndogo ya chipukizi, zote zikifanana na mama yao. Okidi ya dukani imekuwa rahisi kwa sababu ya chupa za Knudson na Morel. Hata hivyo, kutoka mbegu hadi ua la kwanza ni miaka mitatu hadi saba kwa spishi nyingi, ukiwa na maabara.

Sasa rudi Kitulo na mfuko wa mbegu. Udongo uliolimwa viazi mviringo kwa miaka, ukatiwa mbolea na dawa za kuua ukungu, unaweza kuwa umepoteza kuvu waliokuwa wakilea okidi. Kulinda nyasi ambazo hazijachimbwa ni rahisi mara nyingi kuliko kuzirudisha zilizokwisha.

«Okidi ni ngumu kutunza, na maua yakianguka imekufa»

Uongo mara mbili. Phalaenopsis hukaa na maua miezi miwili, mitatu au zaidi, kisha hupumzika. Majani yakiwa ya kijani na magumu, mmea ni mzima. Shina la maua likibaki bichi, likate juu ya kifundo cha pili au cha tatu kutoka chini. Mara nyingi hutoa tawi jipya. Likikauka, liondoe lote.

Kinachoziua majumbani ni mapenzi ya maji. Mwenye nyumba humwagilia kila asubuhi, chungu hakina tundu, mizizi inakosa hewa na kuoza. Usifuate kalenda, tazama mizizi: ikiwa kijani, acha, ikiwa rangi ya fedha, mwagilia mpaka maji yatoke chini, kisha yaache yachuruzike yote. Maji yasikae kwenye kitovu cha majani. Mizizi inayotoka nje ya chungu isikatwe, iko kazini.

Udongo wa bustani usitumike kwa okidi za mitini. Tumia vipande vya mkaa, gome la mti, au makumbi ya nazi yaliyokatwakatwa. Makumbi hubeba chumvi, kwa hiyo yaloweke na kuyasuuza mara kadhaa kwanza. Mbolea iwe nyepesi kuliko inavyoelekezwa kwenye pakiti.

Chagua pia kwa hali ya hewa yako. Vanda na Dendrobium nyingi za joto hustawi Mombasa, Zanzibar na Dar es Salaam, na Vanda haihitaji hata chungu, inaning'inizwa mizizi wazi. Cymbidium inataka usiku wa baridi: Limuru, Lushoto, Arusha. Phalaenopsis inapenda joto, lakini ikikaa kwenye zaidi ya nyuzi 28 mchana na usiku huendelea kutoa majani bila maua. Anayeishi pwani aisogeze penye hewa ya baridi zaidi wakati wa kipupwe, ndipo shina la maua huanza.

«Kununua okidi ya porini inayouzwa kando ya barabara ni kuiokoa»

Si kweli. Fedha inayolipwa leo ndiyo inayompandisha mtu mtini kesho. Okidi chui, ingawa imeenea Afrika nzima ya tropiki, iko kwenye orodha ya IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi, ya spishi zilizo hatarini, na sababu mojawapo ni kuchumwa hivyo hivyo. Familia yote ya okidi inalindwa na CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya mimea na wanyama wa porini, hivyo kuvusha mmea wa porini mpakani bila kibali ni kosa, hata ukiwa mmoja ndani ya begi. Miche ya chupa za maabara kwa kawaida imeruhusiwa, kwa sababu haikung'olewa popote. Muulize muuzaji mmea umetoka wapi. Wa kitaluni una mizizi iliyojaa chunguni na majani safi yanayolingana. Wa porini mara nyingi una mizizi iliyokatika, vipande vya gome, na majani yenye makovu ya jua na wadudu.

Ipo hali moja ambayo mkono wako unahitajika: tawi limeanguka na upepo shambani mwako, au mti wako mwenyewe unakatwa, na okidi iko juu yake. Okidi ya mtini ikiachwa chini huoza. Itafutie mti mwingine ulio hai wenye gome kavukavu lisilobanduka. Mpera na mkaratusi haifai, kwani humwaga magome yake. Ichukue na kipande cha gome ilichoshikilia, iweke kwenye urefu na mwanga ule ule iliouzoea, na uifunge kwa kamba ya mkonge, imara kiasi kwamba haitikisiki. Fanya hivyo mwanzoni mwa masika. Ncha za kijani zikianza kutambaa kutoka kwenye mizizi ya fedha kuelekea gome jipya, imeshika. Kamba iache, itaoza yenyewe.